Kofia ya Mikono Miwili

Ipo siku moja, mwanangu, ambayo nikiikumbuka damu hunichemka hata leo, na mvi hizi zote kichwani. Simkasirikii mtu mwingine. Najikasirikia mimi. Wazee wengi wakikaa kuwapa nyinyi nasaha huchagua kisa ambacho wao walikuwa wema ndani yake, wenye subira, waliosikia la mkuu. Changu si hicho. Ukitaka kisa cha bibi mwema, gonga mlango wa pili.

Nakisema sasa kwa sababu juzi mjukuu wa jirani yangu alikuja akanisimulia habari za shoga yake. Mtu alimsingizia yule shoga mbele za watu, na huyu binti alikuwapo, ajua ukweli wote, akafunga mdomo. "Bibi, mimi sikusema baya lolote," akaniambia, tena kwa kujivunia. "Nilinyamaza tu." Mkono uliniwasha nimpige kofi. Nikauzuia, kwa kuwa kofi lile lilikuwa haki yangu mimi tangu zamani, na halikunifika.

Basi sikiza.

Ilikuwa miaka ya themanini, nami msichana wa miaka kumi na tisa, Rukia, kwetu Shela, Malindi mjini. Nyumba yetu ilijulikana kwa kofia. Nasema zile kofia nyeupe za kushonwa kwa mkono, zinazochorwa maua kwa penseli, kisha zikatobolewa vitundu vidogo vidogo na kila kitundu kikazungushiwa uzi, hata kofia moja ikala miezi. Nyanya yangu, Bi Saumu, ndiye aliyenilea na ndiye aliyenifundisha. Watu wakisema "kofia ya kwa Bi Saumu" hawakuhitaji kueleza zaidi. Macho yake yalipopungua nguvu wakaanza kusema "mkono wa Rukia". Nilipenda kulisikia neno hilo kuliko chakula.

Lakini mkono ule haukuwa wangu. Ulikuwa wa Kadzo.

Kadzo alikuwa mtoto wa Ganze, huko bara. Ukame ulipowashinda, baba yake aliacha shamba la mahindi na kazi ya makaa, akaleta watu wake Malindi, wakapanga chumba mtaa wa Kisumu Ndogo. Mzee yule alikuwa amesilimu zamani, mtu mpole, maskini wa kutupwa. Kadzo alianza kuja kwetu akiwa na miaka kumi na minne, kumsaidia nyanya kukuna nazi na kuteka maji. Tulikuwa hirimu moja. Nikampenda, na hilo sitalikana. Tulikula sinia moja, tukapakana hina, buibui lake la kwanza lilikuwa langu. Nikamfundisha kushona, na mwaka haukuisha akanipita. Vitundu vyake vilikuwa sawasawa kama punje za mtama. Vyangu kila kimoja kilikuwa na sura yake.

Hapo ndipo ubaya ulipoingia, taratibu, hata sikuusikia ukibisha hodi. Nikaanza kumwachia yeye sehemu ya juu ya kofia, mimi nikishona ubavuni. Kisha nikamwachia yote. Mteja akija, Kadzo alikuwa jikoni. Mimi ndiye niliyeikunjua kofia, mimi ndiye niliyeambiwa mashallah. Nyanya kwa macho yake yale hakuwa akitofautisha uzi na uzi, na mimi sikumwambia. Kadzo naye nilimwambia hivi: "Shoga, wawajua watu wa mjini. Wakisikia ni mkono wa mtu wa bara hawatazitaka." Alikubali, akaendelea kushona. Na pengine nilisema kweli, kwa maana mji wetu ulikuwa na dharau kwa watu wa huko ndani, na dharau hiyo nayo siisamehi. Lakini waliodharau walidharau kwa ujinga wao. Mimi nilijua thamani ya Kadzo kuliko mtu yeyote, nikaitumia dharau yao kumficha.

Na kwa hilo nikasifiwa! "Rukia ana moyo, amemshika mkono mtoto wa watu." Kila harusi, kila matanga, hilo lilisemwa mbele yangu na mbele ya Kadzo, naye akiinamisha kichwa. Tenda wema nenda zako, wahenga walisema. Mimi nilitenda wema nikakaa palepale, nikaulinda usije ukaondoka.

Ikawa nyanya ameita fundi seremala kutoka Mambrui, kijana aitwaye Athumani, aje atengeneze milango iliyoliwa na mchwa. Alifanya kazi uani kwetu siku tatu. Mimi nilikuwa nikipitapita na kahawa. Kadzo alikuwa kwenye kona yake ya kivuli, anashona. Hawakuzungumza zaidi ya salamu, lakini seremala ni mtu wa kutazama mikono ya mwenzake, na yule alitazama.

Wiki chache baadaye wakaja wanawake wawili kutoka Mambrui, shangazi ya Athumani aitwaye Bi Zuhura na jamaa yake mmoja. Nyanya alikuwa amekwenda matangani. Kadzo alikuwa kwao Kisumu Ndogo. Nikawakaribisha mimi.

Nyinyi wa leo mnaulizana kwenye simu, kwa hivyo acha nikueleze. Zamani kijana akimtaka msichana, kabla ya posa kupelekwa, wanawake wa kwao walikwenda kuulizia. Walikwenda kwa jirani, kwa mwalimu wake wa chuo cha Kurani, na zaidi ya wote kwa shoga yake. Kama msichana ni mwema, uliyeulizwa hukungoja. Ulipiga kelele za furaha, ukasema mchukueni kwa mikono miwili, mtakuja kunishukuru. Kama ana kasoro, hakuna aliyeitaja, maana kusengenya ni dhambi na sisi tunamcha Mungu, ati. Uliinamisha macho tu, ukasema Mungu ndiye ajuaye, salini istikhara. Wageni wakamaliza kahawa yao, wakaaga, na hawakurudi tena. Kila mtu aliielewa lugha hiyo. Mtoto wa miaka saba aliielewa.

"Sisi tumekuja kwa kheri," akasema Bi Zuhura. "Kijana wetu amemtaka huyu binti wenu, Kadzo. Kwao tutakwenda, lakini shoga ndiye amjuaye shoga yake. Hebu tuambie, yukoje?"

Maneno nilikuwa nayo, naapa. Kinywa kilikuwa kishafunguka. Ndipo Bi Zuhura akaongeza, akicheka: "Maana kijana yuatwambia kofia za nyumba hii zote ni mkono wake yeye. Ati kamtazama siku tatu."

Kinywa kikajifunga. Niliona kila kitu mara moja. Nilimwona Kadzo Mambrui, kwenye nyumba yake, anashona mchana kweupe na watu wanauliza hii ya nani. Nilijiona mimi Shela na vitundu vyangu vilivyopinda. Nilikuwa nimeshaposwa wakati huo na Salim, mtoto wa ami yangu, na kofia ya harusi ya bwana harusi ilikuwa bado kushonwa. Nani angeishona?

"Bi Zuhura," nikasema, "mimi ni shoga yake. Mnisamehe. Mwenyezi Mungu ndiye ajuaye. Salini istikhara."

Nikaliinamia sinia la vikombe. Sikusema uongo hata neno moja, na hapo ndipo uchafu wangu ulipokuwa. Bi Zuhura alikitua kikombe chake kikiwa nusu. "Haya, mwanangu," akasema. "Ahsante. Tumefahamu."

Kesho yake asubuhi Kadzo alikuja mbio, hata viatu kavitoa mlangoni akavitupa kila kimoja upande wake. Alikuwa amesikia kwamba wageni walifika.

"Walikuuliza?"

"Waliniuliza."

"Ukawajibu?"

"Nikawajibu."

Akanishika mkono akaubusu. Mwanangu, aliubusu mkono wangu! Akasema, "Shoga, kofia ya Salim nitaishona mimi, na itakuwa kofia ambayo Malindi haijaiona." Akakaa kwenye kona yake akaanza siku ileile. Nami nilimletea chai na mahamri, nikakaa naye, nikacheka naye. Kikulacho ki nguoni mwako, na mimi ndiye niliyekuwa nguoni.

Watu wa Mambrui hawakurudi. Wiki mbili zikapita, mwezi ukapita. Mji nao una midomo. Wakaanza kuulizana kwa nini waliacha, na kwa kuwa hakuna aliyejua, kila mmoja alijitungia. Huyu alisema msichana ana mtu wake. Yule alisema alitoa mimba huko Ganze. Minong'ono ikafika Kisumu Ndogo, na baba yake, mtu mpole yule, akamfungia binti ndani na kumhoji kama mwizi. Kadzo akapungua mwili. Aliendelea kuja kushona, lakini hakuimba tena, na hakuniuliza tena. Na mimi nikaendelea kunyamaza, nikimwonea huruma! Nilimwambia wanaume ndivyo walivyo. Huo ndio uongo niliousema kwa ulimi, baada ya ule niliousema kwa kimya.

Siku moja mama yake akaja kwetu. Alikuwa mama wa Kigiriama, mfupi, mguu umechoka kwa safari za maji za miaka mingi. Hakukaa kitini, alikaa chini mbele ya nyanya.

"Shikamoo, mama," akasema. "Mimi sina maneno mengi. Mwanangu ametendani? Kama kuna kosa nambieni nimkanye. Kama hakuna, basi Mulungu yupo. Lakini nimechoka kuchekwa kwa kitu nisichokijua."

Nyanya aligeuza uso taratibu kunitafuta nilipo.

"Rukia. Wale watu wa Mambrui walikuja siku niliyokwenda matangani?"

"Ndiyo, nyanya."

"Wakakuuliza?"

"Wakaniuliza."

"Ukasema nini?"

"Sikusema kitu."

Nyanya alisimama bila kushika ukuta, na miaka ile alikuwa hasimami bila ukuta. "Hukusema kitu!" akasema. "Ya Rabi, mtoto hakusema kitu! Mwanamke gani wa mji huu kasema kitu tangu kuzaliwa? Lau ungemtukana, tusi lina jawabu lake. Hicho kimya chako huyu mtoto wa watu atakijibu kwa nini?"

"Nyanya, niliogopa..."

"Uliogopa kukosa kijakazi. Mimi nimepungua macho, sikupungua akili. Zile kofia ni zake, sivyo? Nilipozipapasa nilijua zimekuwa nzuri mno, nikajidanganya kuwa umekua. Mola anisamehe na mimi." Kisha akamwendea yule mama, akakaa naye chini palepale kwenye mkeka, akaomba radhi kwa niaba ya nyumba nzima. Nilimwona nyanya yangu, Bi Saumu wa kofia, akiwa amekaa chini kwa ajili yangu. Fedheha ile bado ninayo.

Kulipokucha tukapanda basi la Mambrui, yeye amenishika kifundo cha mkono njia nzima. Nilimweleza Bi Zuhura kila kitu. Nilimsifu Kadzo mpaka sauti ikakauka. Bi Zuhura alinisikiza hadi mwisho, kisha akasema kwa upole, na upole wake ulinichoma kuliko makelele ya nyanya: "Tushapeleka posa Gongoni, kwa binti mwingine, na imepokelewa. Hata lau bado, binti yangu, ningekuamini vipi? Juzi ulinyamaza sana. Leo wasema sana. Nisimame juu ya neno lako lipi?"

Maji yakimwagika hayazoleki. Nilikuwa nimelisikia neno hilo tangu utotoni, nikidhani linahusu maji ya watu wengine.

Nyanya alinishukisha Kisumu Ndogo wakati wa kurudi. "Nenda kamwambie wewe kwa kinywa chako," akasema. "Kinywa kile kile."

Nilimkuta Kadzo mlangoni mwa chumba chao, kofia ya Salim magotini. Sehemu ya juu ilikuwa imekwisha, na alikuwa ameanza ubavu. Sijaona kazi kama ile tena maishani mwangu. Nilimwambia nikiwa nimesimama. Alishona kitundu kimoja mpaka mwisho, akafunga uzi, ndipo akaniangalia.

"Kwa nini?"

Nikatoa sababu zangu zote. Niliogopa utakwenda mbali. Nilikuwa sina mwingine. Nilikupenda, shoga.

"Hukunipenda, Rukia," akasema. "Ulinifuga."

Hakulia, wala hakunitukana. Aliikunja kofia sindano ikiwa bado ndani, akanipa. "Hii iliyokwisha ni yangu. Iliyobaki shona wewe, tuone." Akaingia ndani akafunga mlango.

Niliishona. Nilikesha nikiishona na kufumua, na haikuwa. Salim aliivaa siku ya harusi yetu na watu wakamkodolea macho. Mama mmoja akasema kwa sauti, bila kunong'ona, "Kofia hii ina mikono miwili." Mwaka huohuo jina la "mkono wa Rukia" likafa, na lilistahili kufa.

Kadzo na watu wake walihamia Magarini. Ilichukua miaka sita jina lake kusafika, miaka sita ya ujana wake, mwanangu, niliyomla mimi kwa kutofungua mdomo. Alikuja kuolewa na mkulima wa huko, akafungua baraza lake la kushonea, akafundisha wasichana, na kofia zake zikaanza kuulizwa kwa jina lake hadi Malindi. Nilimtumia salamu za radhi mara nyingi. Hazikurudi na jibu.

Mara moja tu tulikutana, soko la Malindi, sote tuna watoto. "Asalaam aleikum, Mama Saumu," akaniambia, kwa jina la binti yangu, kama wanavyonita watu wote. Aliniuliza hali ya watoto. Nikamjibu, nikamwita shoga. Akatabasamu kwa adabu, akachukua kapu lake akaenda. Salamu ni haki ya kila Mwislamu, na haki yangu alinipa. Zaidi ya hapo hakuwa na deni nami.

Sasa usije ukaniambia yamepita. Kofia ile iko kwenye sanduku langu, na Salim ameshatangulia mbele ya haki. Huitoa nikaitazama pale ambapo uzi wake unaishia na wangu unaanza. Huhitaji macho mazuri kupaona, hata kwa kidole utapajua.

Nasaha yangu ni hii, na sitaipaka sukari. Mwenzako unayempenda, mtazame vizuri siku anapotaka kusimama peke yake. Usiutazame uso wake, utazame moyo wako. Ukiona umekunjamana, jua kwamba kitambo hukuwa rafiki, ulikuwa mfugaji, na zile nguo ulizompa na chakula ulichomlisha vilikuwa kamba. Na wewe unayepewa kila kitu na rafiki, uliza siku moja, "Nikiondoka, utafurahi?" Usisikize jibu. Sikiza muda linaochukua kutoka. Na ukiulizwa jina la mwenzako nawe wajua ni safi, lipigie kelele mpaka majirani watoke nje. Kimya si adabu pale ambapo neno lako ndilo ukuta wa mtu. Majuto ni mjukuu, na mimi mjukuu huyo nimemlea hadi kazeeka nami.

Basi nenda, mwanangu, sijakukasirikia wewe. Mungu akupe ulimi mwepesi wa kusifu. Akupe rafiki atakayekupita, nawe akupe kifua cha kulifurahia hilo. Na kama Kadzo yu hai na maneno haya yamfike, Mwenyezi Mungu amzidishie katika mikono yake, na jina lake litajwe mahali ambapo mimi sikulitaja. Amin.